Nyota ya Oceania: Nishani ya Mfalme Kalākaua na Bahari Aliyotaka Kuiunganisha

Tarehe 16 Desemba 1886, mjini Honolulu, Mfalme David Kalākaua wa Hawaii alianzisha nishani mpya ya kifalme na kuiita Nyota ya Oceania. Ilikuwa ya tano katika historia ya ufalme huo, na ya nne kuanzishwa naye. Uhai wake ulikuwa mfupi mno. Kabla haijatimiza miezi saba, serikali iliyoitumia ilikuwa imeangushwa. Januari 1891 mwasisi wake akafariki. Januari 1893 ufalme wenyewe ukapinduliwa. Ndiyo maana wengi walioandika juu ya Hawaii wameipa sentensi moja au mbili, wakaiweka kapu moja na mavazi na karamu za mfalme aliyependa fahari. Naona hukumu hiyo si ya haki. Ukiitazama nishani hii pamoja na mwaka ilimozaliwa na kazi iliyotumwa kuifanya, utaona kilikuwa chombo cha dola ndogo iliyotafuta namna ya kuishi kati ya dola kubwa. Utaona pia kwamba walioizima waliielewa vizuri kuliko walioicheka.

Ushahidi wa kwanza umo katika shabaha yake. Nishani nne zilizotangulia zilihusu zaidi kiti cha enzi na mambo ya ndani ya nchi. Ile ya Kamehameha wa Kwanza, iliyoanzishwa na Kamehameha wa Tano tarehe 11 Aprili 1865, ilimkumbuka shujaa aliyeviunganisha visiwa vyote chini ya utawala mmoja kufikia mwaka 1810. Ile ya Kalākaua, ya Septemba 1874, iliadhimisha kuingia kwake madarakani. Ya Kapiʻolani, ya mwaka 1880, ilibeba jina la malkia na ikatunza huduma kwa wanadamu, elimu na sanaa. Taji la Hawaii lilikuja mwaka 1882, miezi michache kabla ya sherehe ya kumvika mfalme taji tarehe 12 Februari 1883. Nyota ya Oceania ilikuwa na shabaha nyingine kabisa: kuwatunuku waliotumikia kueneza jina jema na ushawishi wa Hawaii katika visiwa vya Pasifiki na Bahari Hindi na katika mabara yanayopakana na bahari hizo. Mtu anayetaka urembo wa kifuani hahitaji kuandika ramani ya nusu ya dunia katika hati ya kuanzisha nishani. Mipaka hiyo iliandikwa na mtu mwenye mpango.

Yafaa pia kukumbuka jinsi taasisi za namna hii zilivyofanya kazi katika karne ya 19. Nishani ya kifalme haikuwa kipande cha dhahabu na utepe tu. Ilikuwa na hati yake, ngazi zake, na mkuu wake ambaye ndiye mfalme, na kila aliyetunukiwa aliingia katika kundi la waheshimiwa wanaofungamana na kiti hicho cha enzi. Muhimu zaidi, kwa desturi ya mataifa, mwenye haki ya kuianzisha alikuwa mtawala wa nchi huru peke yake. Gavana wa koloni hakuweza. Kwa hiyo mfalme wa Ulaya alipoikubali nishani ya Hawaii na kurudisha ya kwake, alikuwa amekiri mbele ya walimwengu kwamba Hawaii ni nchi na Kalākaua ni mwenzake. Uingereza na Ufaransa zilikuwa zimetambua uhuru wa Hawaii kwa tamko la pamoja la tarehe 28 Novemba 1843, lakini tamko la kwenye karatasi husahaulika. Nishani zililirudia kila zilipovaliwa.

Kalākaua aliyajua haya kwa kuyaona. Mwaka 1881 alizunguka dunia nzima, mfalme wa kwanza aliye madarakani kufanya hivyo: aliondoka Honolulu Januari na kurudi Oktoba. Alipokelewa Japani na Mfalme Meiji, Siam na Mfalme Chulalongkorn, akapita Johor, India na Misri, akafika Italia, Uingereza na nchi nyingine za Ulaya. Kila ikulu ilikuwa na nishani zake za kutoa na kupokea. Huko Tokyo alipendekeza kuwe na muungano wa mataifa ya Asia, na akataka binti wa dada yake, Kaʻiulani, aposwe na mwanamfalme wa Kijapani. Wajapani waliyakataa yote mawili kwa adabu, lakini mazungumzo ya wahamiaji yalizaa matunda: Februari 1885 meli ya kwanza ya vibarua waliokuja kwa makubaliano ya serikali hizo mbili ilitia nanga Honolulu. Jijini London husimuliwa kwamba mrithi wa kiti cha Uingereza alisimama kidete Kalākaua atangulie mbele ya mrithi wa kiti cha Ujerumani, kwa kuwa mfalme ni mfalme. Aliporudi nyumbani alikuwa na hakika kwamba heshima rasmi hununua kitu ambacho dola isiyo na jeshi haiwezi kukinunua kwa njia nyingine.

Na Hawaii kweli haikuwa na jeshi la kutaja. Sensa ya mwaka 1884 ilihesabu watu zaidi kidogo ya 80,000, na Wahawaii asilia walikuwa karibu nusu tu yao, baada ya karne ya maradhi yaliyoletwa na wageni. Uchumi ulikuwa umefungwa na Marekani kwa mkataba wa biashara wa mwaka 1875, ulioingiza sukari ya Hawaii katika soko lao bila ushuru na kuwatajirisha wenye mashamba makubwa. Nje ya Hawaii, visiwa vilikuwa vikichukuliwa kimoja kimoja. Fiji ilikwenda kwa Waingereza mwaka 1874. Tahiti, iliyokuwa chini ya ulinzi wa Ufaransa tangu miaka ya 1840, ikafanywa koloni mwaka 1880. New Guinea ya mashariki iligawanywa kati ya Wajerumani na Waingereza mwaka 1884, na Visiwa vya Marshall vikafuata mwaka 1885. Mwaka 1883 Hawaii ilituma waraka wa kupinga unyakuzi huu kwa mataifa 26. Waraka haukuzuia hata meli moja, lakini unatuonyesha kwamba Nyota ya Oceania haikudondoka kutoka mbinguni miaka mitatu baadaye. Ilikuwa hatua ya pili ya hoja ileile.

Msomaji wa pwani ya Afrika Mashariki ana sababu ya kuutazama mwaka 1886 kwa makini. Agosti 1885 manowari za Ujerumani zilikuwa zimejipanga mbele ya jumba la Sultani Barghash bin Said huko Zanzibar, zikamlazimisha akubali ulinzi wa Kijerumani juu ya nchi za bara alizozihesabu kuwa zake. Mwishoni mwa Oktoba na mwanzoni mwa Novemba 1886, Uingereza na Ujerumani zilikubaliana baina yao kwamba Sultani abaki na visiwa na ukanda wa pwani wa maili 10. Nyota ya Oceania ilianzishwa wiki sita hivi baada ya hapo. Barghash naye alikuwa na nishani yake yenye nyota, akawatunuku maofisa na mabalozi wa Ulaya. Sidai kwamba wafalme hawa wawili waliandikiana. Ninachosema ni kwamba walikabiliwa na shinikizo la namna moja, kutoka kwa baadhi ya watu walewale, na kwamba Hawaii ilipoitaja Bahari Hindi katika hati yake ilikuwa inataja bahari ambako mambo hayohayo yalikuwa yakitendeka.

Kazi ya kwanza kubwa ya nishani ilikuwa Samoa. Huko Malietoa Laupepa alikuwa mfalme, lakini kampuni ya Kijerumani yenye mashamba ya minazi ilikuwa ikimuunga mkono mpinzani wake, Tamasese, huku makonsuli wa Ujerumani, Uingereza na Marekani wakivutana mjini Apia. Kalākaua na waziri mkuu wake, Walter Murray Gibson, walimtuma John Bush, Mhawaii kwa upande wa mama na aliyewahi kuwa waziri, awe balozi. Alifika Januari 1887. Katika mapokezi ya heshima, pamoja na kava kama desturi ya Wasamoa inavyotaka, alimvika Malietoa Msalaba Mkuu wa Nyota ya Oceania. Tarehe 17 Februari Malietoa alitia sahihi hati ya kuiingiza Samoa katika shirikisho na Hawaii, na tarehe 20 Machi Kalākaua akaithibitisha. Kwa hiyo nishani yenye umri wa miezi mitatu ilikuwa imetangulia mkataba kati ya wafalme wawili wa Polinesia, uliofanywa bila gavana, bila kampuni na bila manowari ya Ulaya kushika kalamu. Sijui nishani nyingi za wakati huo, hata za nchi tajiri, zinazoweza kuonyesha tunda la namna hiyo mapema hivyo.

Pingamizi la kwanza ni la fedha na majivuno, na halikuanza leo. Wapinzani wa Kalākaua, wengi wao wana na wajukuu wa wamisionari wa Kimarekani waliogeuka mawakili na wenye mashamba, walimtangaza kuwa mbadhirifu. Walitaja jumba la ʻIolani, lililokamilika mwaka 1882 kwa zaidi ya dola 300,000, sherehe ya taji, na zile nishani. Si kila walichosema kilikuwa uongo. Kashfa ya leseni ya kasumba, ambamo mfanyabiashara wa Kichina alitoa takriban dola 71,000 na asipate leseni, iliichafua serikali mwaka uleule wa 1886 na uliofuata, na hakuna mtetezi wa Kalākaua anayepaswa kuifunika. Lakini kashfa ya kasumba ni jambo moja na Nyota ya Oceania ni jingine. Gharama ya misalaba na tepe ilikuwa ndogo sana mbele ya gharama ya manowari, na mfalme aliyechaguliwa na bunge mwaka 1874 huku ghasia zikilipuka mjini na wanamaji wa Marekani na Uingereza wakishuka kuzituliza alikuwa na haja ya kweli ya kuonyesha kwamba kiti chake kinatambuliwa. Tena, wale waliomlaumu kwa fahari hawakuwa na uchungu wa kodi peke yake. Mfalme anayetambuliwa na wafalme wenzake ni mgumu kuondolewa, nao walitaka awe mwepesi.

Pingamizi la pili ni la kuiga: kwamba misalaba na daraja za waheshimiwa ni mambo ya Ulaya, na mfalme aliyejivika hayo alikuwa ameacha ya kwao. Hapa ushahidi unaenda kinyume. Miezi mitatu kabla ya nishani hii, Septemba 1886, Kalākaua alianzisha Hale Nauā, jumuiya ya kutunza nasaba na elimu ya wazee. Kwenye sherehe ya taji ya mwaka 1883 aliirudisha hula hadharani, ngoma ambayo wamisionari walikuwa wameipiga vita kwa miongo. Mwaka 1889 alichapisha Kumulipo, utenzi wa uumbaji na nasaba uliokuwa umehifadhiwa vichwani mwa watu. Joho la manyoya mekundu na ya manjano, alama ya kale ya machifu, halikutupwa. Nyumbani alisema kwa alama za kwao. Mbele ya mabalozi alisema kwa alama ambazo mabalozi walizisoma. Japani ya Meiji, Siam, Misri na Zanzibar zilifanya hivyohivyo miaka hiyohiyo, na hatusemi kwamba Japani ilipotea kwa kuanzisha nishani ya Jua Linalochomoza mwaka 1875.

Pingamizi la tatu ndilo zito, na linastahili kupewa nafasi. Je, Hawaii haikuwa nayo ikitafuta himaya? Gibson alikuwa akizungumza kwa miaka juu ya ukuu wa Hawaii katika Pasifiki, na nishani ilitolewa Honolulu, mkuu wake akiwa Kalākaua, si Malietoa. Hati ya shirikisho yenyewe ilimtaka Malietoa afuate hatua ambazo Kalākaua angezipanga na wakakubaliana. Hapakuwa na usawa kamili, na mwandishi anayeipenda Hawaii asijidanganye juu ya hilo. Balozi Bush na watu wake, kwa maelezo ya wakati huo, waliishi Apia kwa karamu na ulevi uliowaudhi wengi, na Robert Louis Stevenson, aliyekuwa rafiki wa Kalākaua, hakuyaficha hayo katika kitabu chake cha mwaka 1892 juu ya mambo ya Samoa. Hata hivyo tofauti na himaya za Ulaya ni kubwa. Hawaii haikudai ardhi ya Samoa wala kupandisha bendera yake, na haikuwa na mashamba huko ya kulindwa. Malietoa alikuwa ametafuta kinga kabla ya Bush kufika. Mwaka 1884 aliwahi hata kumwomba Malkia Victoria aichukue nchi yake. Mtu aliyezungukwa na makonsuli watatu alipopewa mlango wa nne, wenye jamaa nyuma yake, aliuingia kwa hiari yake. Hiari hiyo ndiyo msingi wa kuyahukumu mambo haya.

Kuna lile la meli, ambalo kila anayeicheka nishani hulitaja. Hawaii ilinunua meli ya biashara kwa dola 20,000, ikaipa mizinga michache na jina Kaimiloa, na sehemu kubwa ya mabaharia wakawa wavulana kutoka shule ya kurekebisha tabia. Ilifika Apia Juni 1887. Nidhamu ilikuwa mbovu, na mabaharia waliasi. Meli hii ilikuwa kosa, kwa sababu ilichukua jambo ambalo nguvu yake ilikuwa katika heshima na kulipeleka kwenye uwanja wa mizinga, ambako Hawaii haikuwa na cha kuonyesha. Lakini tazama Wajerumani walifanya nini. Manowari yao Adler ilikuwa ikiifuata Kaimiloa ilikokwenda, na Berlin ilitoa onyo kali kwa Hawaii isiingilie mambo ya Samoa. Dola kubwa haipotezi makaa ya mawe kufuatilia mchezo wa watoto. Kilichowasumbua ni hati ya shirikisho: kama Samoa na Hawaii zingeungana, na Tonga ikafuata, wangekuta bahari yenye mwenyewe.

Pigo la kwanza lilitoka nyumbani. Mwishoni mwa Juni 1887 Ligi ya Hawaii, chama cha siri cha wafanyabiashara na mawakili, ilitumia kikosi cha wapiga bunduki cha Honolulu kumtoa Gibson, na tarehe 6 Julai mfalme alilazimishwa kutia sahihi katiba mpya ambayo watu waliiita ya singe. Katiba hiyo ilimfunga asitende bila ridhaa ya mawaziri, ikaweka sharti la mali kwa wapiga kura wa nyumba ya juu, na kuwanyima Waasia kura. Malkia Kapiʻolani na dada wa mfalme, Liliʻuokalani, walikuwa bado katika safari ya yubilei ya Malkia Victoria huko London, ambako walipewa nafasi ya wana wa kifalme. Miongoni mwa hatua za kwanza kabisa za mawaziri wapya ilikuwa kumrudisha Bush na kuachana na shirikisho. Tarehe hizi zinajibu pingamizi la mwisho, kwamba nishani ilishindwa yenyewe. Kuanzia Malietoa kuvikwa msalaba hadi balozi kuitwa nyumbani ni miezi sita. Taasisi iliyonyongwa kwa mkono wa wanamapinduzi ndani ya miezi sita haiwezi kusemwa kuwa imejaribiwa ikashindwa.

Pigo la pili lilikuja mwezi uliofuata. Agosti 1887 kikosi cha Kijerumani kilifika Apia kikiongozwa na Bismarck, manowari ileile iliyokuwa mbele ya Zanzibar mwaka 1885. Malietoa alitangaziwa vita, akajisalimisha Septemba ili watu wake wasiuawe, akapelekwa uhamishoni hadi Kamerun, kisha Ujerumani, kisha Visiwa vya Marshall, hadi mwaka 1889 aliporuhusiwa kurudi. Mwaka mmoja baada ya kifo chake, dola tatu zilipatana kuigawa Samoa. Katika mapatano hayo ya mwaka 1899 Uingereza iliacha madai yake Samoa, na miongoni mwa ilivyolipwa ilikuwa ahadi ya Ujerumani kuacha haki zake za mahakama za kikonsuli Zanzibar, pindi mataifa mengine yatakapoziacha zao. Samoa na Zanzibar zilibadilishwa katika karatasi moja, na hakuna Msamoa wala Mzanzibari aliyeulizwa. Hii ndiyo dunia ambayo Nyota ya Oceania ilianzishwa kuizuia.

Nishani ya Kamehameha ilipata uhai wa pili: mwaka 1903, miaka mitano baada ya Marekani kuitwaa Hawaii, Mwanamfalme Jonah Kūhiō Kalanianaʻole aliifufua kama jumuiya ya Wahawaii, nayo ipo hadi leo. Nyota haikufufuliwa hivyo, na sababu inaeleweka. Nishani ya Kamehameha ilihitaji watu wanaomkumbuka babu yao, nao walikuwapo. Nyota ilihitaji nchi huru mbili au zaidi zinazoweza kuheshimiana, na kufikia 1903 hata Tonga, iliyobaki na mfalme wake, ilikuwa chini ya ulinzi wa Waingereza. Sharti hilo lilianza kurudi tarehe 1 Januari 1962, Samoa ya Magharibi ilipopata uhuru. Wakuu wake wa kwanza wa nchi walikuwa wawili kwa pamoja: Tupua Tamasese Meaʻole, wa ukoo wa yule aliyeungwa mkono na Wajerumani, na Malietoa Tanumafili wa Pili, mrithi wa kiti kilekile ambacho Bush alikivika msalaba, kwani babu yake mzaa baba alikuwa Malietoa Laupepa.